Saveya wa Korti Akifika kwa Ploti Yako

Kuna simu tunapokea hapa ofisini karibu kila wiki, mtu analia, anasema korti imetuma kamishna kwa ploti yake Ruai au Utawala hapa Nairobi kwa hivyo ploti imeenda. Haijaenda. Kamishna si jaji. Kazi yake ni kuambia korti hiyo ardhi mnayogombania iko wapi, inaanzia wapi inaishia wapi, na nani amekaa juu yake saa hii. Nani mwenyewe, hilo si swali lake, na akianza kulijibu kwa ripoti wakili wako amrukie.

Uwezo wa kumtuma uko kwa kifungu cha 52 cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Madai ya Kenya na Oda ya 28 ya zile kanuni za 2010. Mara nyingi kwa kesi za ardhi anayetumwa ni saveya, yaani mpima ardhi, maana taito inaonyesha namba na ukubwa, haionyeshi mawe ya mpaka. Unapata watu wawili, taito mbili, namba tofauti, na wote wanaingia kwa geti moja, sasa jaji akiwa kortini Milimani atajuaje?

Kuna kesi moja tuliendea pande za Embakasi, ule udongo mweusi unaopasuka kiangazi na kufura mvua ikinyesha. Ramani inasema bikoni, lile jiwe la mpaka, iko kona, tunafika kona hakuna kitu, jirani anatuonyesha jiwe lingine kama mita tatu kando, jeupe, saruji bado mpya. Tukawasha GPS ikatupeleka hadi chini ya banda la kuku. Mama akatoa kuku mmoja mmoja akinung'unika, kijana akachimba, futi moja na nusu hivi jembe likalia ngaa, nondo imeshika kutu ndani ya saruji ya zamani. Kwa ripoti tuliweka zote mbili na picha, hatukuandika nani alipanda ile mpya ingawa mtaa mzima ulikuwa unajua (na kusogeza bikoni ni kosa la jinai, kwa taarifa yako).

Siku hiyo uwe pale. Kamishna anaweza kuhoji watu na kuitisha makaratasi, na kama ulijulishwa ukakosa kutokea anaendelea bila wewe. Beba mutesheni (karatasi ya kugawanya ardhi), ramani, makubaliano ya kununua, na mzee anayejua mpaka, vijana ishirini wa kupiga kelele waache nyumbani. Kitu kidogo pia kiache huko.

Ripoti inakuwa ushahidi, lakini jaji hafungwi nayo. Ukiona vipimo vimekosewa, wakili aombe kamishna aitwe aulizwe alianzia bikoni gani, mimi naona hilo ndilo swali lenye uzito kuliko yote.

Ila kama ugomvi ni futi mbili za fensi na jirani, usikimbilie korti. Kifungu cha 18 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012 kinazuia korti kusikiza kesi ya mpaka wa ardhi iliyosajiliwa kabla mpaka wenyewe haujaamuliwa, yaani anza na msajili wa ardhi. Na gharama: korti inaweza kuagiza pesa za kamishna ziwekwe kwanza ndio atumwe, kwa hivyo uliza mapema nani analipa, maana nimeona faili ikilala miezi kila upande ukingoja mwenzake atoe.