Mumiani, shilajiti na damu ya watu: maswali ninayoulizwa kila wiki

Mimi nauza dawa famasi huku Tanga, na haipiti wiki bila mtu kuingia na kichupa cheusi amekikunja ndani ya rambo, anasubiri wateja waishe, anainama kaunta ananong'ona "eti hii ndo ile yenyewe?" Haya, leo nayajibu kwa sauti.

Mumiani si ni damu ya watu jamani?

Hapana, si damu. Mumiani ya asili ni kitu cheusi kinachonata kama lami, kinachuruzika kwenye nyufa za miamba, na jina lenyewe ni la Kiajemi, limetoka kwenye "mum" maana yake nta. Ilikuwa inaletwa pwani kutoka Uajemi, wazee wakaipaka mwilini au wakaiyeyusha kwenye samli wakanywa, dawa ya mkakamao, homa na mifupa iliyovunjika. Ile kamusi ya Kiswahili-Kiingereza ya Johnson ya 1939 imeyaandika yote mawili, kwamba ni dawa, na kwamba watu wengi wanaamini kabisa ni damu ya binadamu iliyogandishwa. Na tusijicheke sana, manake Wazungu nao walichanganya hivyohivyo: waliona maiti za Misri zimepakwa vitu vyeusi wakadhani ndo mumia yenyewe (hivyo ndivyo walivyoiita mumiani), basi wakawa wanasaga maiti na kuuza unga wake kwenye maduka ya dawa kwa mamia ya miaka. Yaani wao walikula mtu kweli kweli, sisi tulikuwa tunaogopa tu.

Sasa mbona bibi alituambia mumiani ni watu wananyonya damu?

Enzi za mkoloni jina lilihama kutoka kwenye dawa likaenda kwa mtu anayeitafuta. Nairobi na Kampala walisemwa wazimamoto, wengine wakawasema wauguzi na kila aliyeshika sindano. Mimi simlaumu bibi, mgeni anakuja anakutoa damu hakuelezi ya nini, ungefikiria nini? Ila hofu hiyo bado ipo, nimemuona kwa macho yangu baba mtu mzima anakataa kumtolea mwanawe damu, huku mtoto kafubaa macho meupe kama karatasi. Ukichangia damu unatolewa mililita 450 hivi, wewe una lita kama 5, maji ya damu yanarudi ndani ya siku moja mbili na chembe nyekundu ndani ya wiki kadhaa. Hakuna anayeigandisha kuiuza.

Hiyo shilajiti wanayotangaza mtandaoni ndo mumiani?

Ni ndugu, huko Asia ya kati hata jina wanaita mumiyo. Inatoka milima ya Himalaya, Altai na Kaukasi, jua likiwa kali inachuruzika kwenye mwamba, na wataalamu wengi wanasema chanzo chake ni mimea iliyooza na kugandamizwa miaka mingi sana. Ndani kuna asidi ya fulviki na madini madini. Uchawi hamna.

Inaongeza nguvu za kiume?

Hili ndo swali lenyewe, mengine yote ni kuzunguka mbuyu. Kuna utafiti mdogo wa India, wanaume wa miaka 45 hadi 55 walipewa shilajiti iliyosafishwa kwa siku 90 na homoni ya testosteroni ikapanda kiasi. Kiasi. Ni watu wachache, na homoni kupanda si sawa na mambo kusimama chumbani. Sasa nisikilize kaka yangu, mshipa wa huko chini ni mwembamba kuliko wa moyo kwahiyo ukianza kuziba unaonekana huko kwanza, wengi wanaokuja kuniuliza dawa hii nikiwapima presha nakuta 160, 170, hajui, anakunywa kijiko cha lami asubuhi akidhani shida ni umri. Pima presha na sukari kwanza. Na ukiona "ya asili" imefanya kazi ndani ya nusu saa, shuku kwamba imechanganywa kimyakimya na sildenafili, ile dawa ya kizungu ya nguvu za kiume iliyomo kwenye Viagra, na hiyo ukiikutanisha na dawa za moyo za jamii ya naitreti presha inaweza kushuka mpaka ukaanguka.

Mfupa uliovunjika je?

Piga eksirei, fungwa plasta. Kuna dogo alianguka kwenye mwembe akasuguliwa mkono na dawa nyeusi wiki tatu, akaja mkono umeunga upinde.

Muuzaji ameichoma kwa kiberiti haikuwaka, akaiweka kwenye maji ya moto ikayeyuka yote, si orijino hiyo?

Hayo majaribio hayakuambii kitu kuhusu madini ya sumu, yaani risasi, zebaki na aseniki, na hofu yangu iko hapo. Kitu kimetoka kwenye mwamba, kimebeba ya mwamba. Mwaka 2008 watafiti wa Marekani walitoa matokeo ya dawa 193 za asili za Kihindi walizonunua mtandaoni, karibu moja kati ya kila tano ilikuwa na angalau moja ya sumu hizo tatu. Risasi huioni, huinusi, haina ladha ya kukushtua, inajikusanya mwilini taratibu, figo na ubongo vinaumia. Kichupa kisicho na jina la kiwanda, namba ya toleo wala cheti cha maabara, mi siwezi kumpa hata paka wangu.

Nani asiguse kabisa?

Mjamzito na anayenyonyesha, risasi inavuka kwenda kwa mtoto. Watoto. Mwenye figo mbovu. Mgonjwa wa selimundu aliyeongezewa damu mara nyingi, chuma mwilini tayari kimejaa. Anayekunywa dawa za sukari aseme kwanza kwa daktari wake, sukari inaweza kushuka zaidi.

Nimeshatumia miezi miwili, nifanyeje?

Acha leo, kichupa usitupe, nenda nacho hospitali uwaambie wazi umekunywa nini na kiasi gani, hasa kama tumbo linasokota, choo kigumu, vidole vinakufa ganzi au kichwa hakiachi kuuma. Ukifika kwangu pia sawa, na wala usinong'one.