Hamoni ya kikauboi ni nini hasa?

Wengi wetu tukisikia nyimbo za kauboi tunawaza kantri tu, Jim Reeves na wenzake, mtu mmoja anaimba mapenzi yaliyomuumiza. Hamoni ya kikauboi ni kitu kingine. Hapa ni watu watatu wanaimba maneno yaleyale kwa wakati uleule, mmoja kashika wimbo wenyewe, mwingine yuko juu yake kwa sauti ya tenor, wa tatu yuko chini kwa baritoni, afu wanavuta pumzi pamoja na kukata neno pamoja mpaka unashindwa kusema hii sauti ya nani na ile ya nani. Kama umewahi kuimba kwaya utanielewa haraka, unaijua ile siku sauti zinakaa zenyewe mpaka mwalimu anaacha kinanda anasikiliza. Na nyimbo zenyewe mara nyingi ni za jangwa, kiu, farasi, ng'ombe, upepo.

Kundi lililoipa mtindo huu sura yake ni Sons of the Pioneers wa Los Angeles. Walianza 1933, Leonard Slye, Bob Nolan na Tim Spencer, wakijiita Pioneer Trio, yaani watatu walowezi wa kwanza. Mtangazaji mmoja wa redio akaona hawa vijana wadogo mno kuwa walowezi, labda watoto wa walowezi, akawatangaza hivyo, Sons of the Pioneers, na jina likaganda. 1934 akaingia Hugh Farr na fidla yake na besi nzito ajabu, baadaye mdogo wake Karl na gitaa.

Mimi naamini redio ndo iliyowatengeneza, muvi zilikuja kuwapa sura tu. Walikuwa wanaimba laivu kwenye stesheni ya KFWB kule Hollywood, na redio inakula nyimbo jamani, ukiimba leo kesho watu wanataka nyingine, kwa hiyo Nolan na Spencer ikabidi waandike, waandike tena. Zaidi ya hapo walirekodi santuri maalumu ambazo haziuzwi dukani, zinapelekwa kwenye stesheni za redio zipigwe huko, ndo maana mtu aliyekaa mbali kabisa na California aliwajua bila kuwahi kuwaona. Agosti 1934 wakarekodi kwa kampuni ya santuri ya Decca, na humo mna "Tumbling Tumbleweeds" ya Nolan, wimbo wa vile vichaka vikavu vinavyoviringishwa na upepo jangwani. Nolan alizaliwa Kanada, alihamia Arizona akiwa kijana, na lile jangwa halikumtoka moyoni. Ukisikiliza "Cool Water" unaisikia kiu kabisa, maana sauti moja inaita maji na nyingine inaitika kwa mbali.

Kuna kitu kingine, yodo. Ni kule kuivunja sauti kutoka kifuani iruke juu ghafla afu irudi. Jimmie Rodgers, mwimbaji wa kantri wa zamani, aliifanya peke yake, na santuri zake zilifika mpaka kwa Wakipsigis wa Kenya wakamtungia wimbo wakamwita Chemirocha, Hugh Tracey, mtu aliyezunguka Afrika akirekodi muziki, akaurekodi 1950. Sons of the Pioneers wao walipiga yodo watatu kwa mpigo, kila mtu kwenye noti yake. Jaribu na wenzako wawili uone ugumu wake.

Muvi zikaanza 1935. Kuanzia 1937 walikuwa studio ya Columbia wakiimba kwenye muvi za kauboi za mwigizaji Charles Starrett, na hapo Slye akaondoka kwenda studio ya Republic, wakampa jina la Roy Rogers, na 1938 akatoka kama staa mkuu kwa sababu Gene Autry, kauboi mwimbaji aliyekuwa staa wao, alikuwa anagombana na studio. Hakuwasahau wenzake, 1941 kundi likamfuata hukohuko na wakafanya naye muvi nyingi sana mpaka 1948. Ila kwenye hizo muvi kazi yao mara nyingi ilikuwa kukaa pembeni ya moto na farasi, waimbe kidogo, hadithi iendelee, na mimi hilo linaniuma kidogo.

Mwongozaji wa muvi John Ford ndiye aliyewatumia vizuri. Kwenye The Searchers ya 1956 huwaoni kabisa, zipo sauti tu, mwanzoni kabla ya mlango kufunguliwa na mwishoni mlango unapofungwa huku John Wayne anaondoka peke yake kurudi jangwani.