Joseph Shabalala alikuwa mtunzi mkubwa kabla dunia haijamjua

Watu wengi wakisikia Ladysmith Black Mambazo, kundi la Shabalala la kuimba bila vyombo, akili inakimbilia moja kwa moja kwa mwanamuziki wa Marekani Paul Simon na albamu yake Graceland ya 1986, wanadhani mambo yalianzia pale. Mimi napanga sauti na kufundisha kwaya, na nikisikiliza kazi za Joseph Shabalala naona kabisa Simon alimkuta mtu ambaye kazi ngumu alishaimaliza kitambo. Albamu yao ya kwanza, Amabutho, ilitoka 1973 na ikawa ya kwanza ya wasanii weusi Afrika Kusini kufikia kiwango cha dhahabu.

Alizaliwa 1940 kwenye eneo la Ladysmith, familia ya shamba, akaenda Durban kutafuta kazi kama vijana wengi wa Kizulu wa wakati ule. Huko mjini ndo kulikuwa na isicathamiya, uimbaji wa wanaume wa kwenye mabweni ya wafanyakazi, wiki nzima migodini na viwandani, Jumamosi usiku mashindano mpaka kunakucha, miguu inakanyaga taratibu kwa ncha za vidole. Kabla yake kulikuwa na mtindo wa mbube wa kina Solomon Linda aliyerekodi 1939, ile ilikuwa ya nguvu zaidi, sauti zinatoka kwa kishindo.

Shabalala mwenyewe alisimulia kwamba mwaka 1964 alianza kuota kwaya inaimba harmoni ambayo hajawahi kuisikia akiwa macho, na ndoto ikajirudia kwa miezi. Akataka kuitoa ndotoni iingie kwenye makoo ya watu, na hatimaye akalisuka kundi kwa ndugu zake na binamu zake wa ukoo wa Mazibuko. Kwangu mimi hapa ndo penye kiini cha kazi yake yote, kwa sababu mtunzi mwenye gitaa anaweza kumaliza wimbo peke yake chumbani halafu studio anawaelekeza wapigaji tu, lakini wa akapela, yaani wa kuimba bila chombo, kodi zake (noti zinazolia kwa pamoja) ni watu, mdundo wake ni watu, kwahiyo wimbo haujaisha kutungwa mpaka kila mmoja ajue anakaa wapi na anavuta pumzi saa ngapi.

Hebu sikiliza alivyogawa sauti. Yeye anaongoza, alto mmoja, tenor mmoja (hizo ni sauti za kati), halafu besi saba! Kwaya nyingi za sauti nne zinagawana karibu sawa, ukimpa mwalimu besi saba kwa alto mmoja atakwambia huyo alto atamezwa. Hamezwi, kwa sababu besi hawasukumi, wanaimba laini na kwa pamoja, na juu ya sauti yao nene alto na tenor wanasikika bila kupiga kelele, na sauti ya Shabalala ambayo ni nyembamba na nyororo inapita juu kabisa kwa raha zake. Faida nyingine inahusu kushuka kwa sauti, ugonjwa mkubwa wa kuimba bila chombo, yaani mnaanza kwenye noti ya F mnajikuta kwenye E iliyo chini yake na hakuna anayejua mliteleza wapi. Besi wengi wakishika mzizi wa kodi walioko juu wana pa kuegemea, na mmoja akivuta pumzi wengine wanaendelea, sauti haikatiki.

Na muundo wenyewe ni wa mtu anayejua anachofanya: kiongozi anaanza polepole bila mdundo wa kuhesabika, kundi linamjibu, baadaye mdundo unaingia na kundi linashika mstari mfupi linaurudia rudia huku yeye yuko huru kusema anachotaka juu yake. Ulimi unagonga, pumzi inasikika, ngoma hamna na huikumbuki.

Ndo maana Homeless, aliyoitunga pamoja na Simon, imesimama kwenye albamu iliyojaa magitaa bila chombo hata kimoja na haipwayi. 1987 wakatoa albamu ya Shaka Zulu, 1988 ikachukua tuzo ya Grammy. 1993 walikuwa Oslo na Mandela alipopokea Nobel.

Kikazi, kilichoniuma zaidi kwenye historia yake ni 1991, Headman Shabalala, mdogo wake aliyekuwa naye miaka yote, kupigwa risasi na kufa. Kwenye kundi la namna hii nafasi ya mtu haizibwi kwa kumpa mgeni karatasi ya noti. Joseph akaingiza wanawe, waliokua wanazisikia nyimbo hizo nyumbani. Alipostaafu 2014 uongozi wa sauti ukaenda kwa mwanawe Thamsanqa, na 2017 kundi likarekodi upya nyimbo za Shaka Zulu, tungo zilezile na makoo mengine mengi, na 2018 hiyo rekodi ikapata Grammy yao ya tano. Mzee alikuwa bado hai, alifariki Februari 2020.