Je, Wajua Jinsi Kinubi Kinavyoweza Kulia Bila Kuguswa na Mtu?

Katika hadithi za ulimwengu wa kubuni, kinubi cha kichawi ni ala inayopendwa mno na watunzi: kimeachwa katika mnara usiokaliwa na mtu, hakuna mkono unaokigusa, nacho usiku huanza kuimba chenyewe. Msomaji hulikubali jambo hilo kwa kuwa ameshakubali majoka na milango inayozungumza. Hata hivyo, ajabu hili halihitaji uchawi wowote. Ala ya namna hiyo ipo, huitwa kinubi cha upepo, na Athanasius Kircher, padri Mjesuiti aliyezaliwa Ujerumani, aliieleza katika kitabu kilichochapishwa mwaka 1650.

Umbo lake ni la kawaida tu: sanduku jembamba la mbao, lenye urefu wa mita 1 hivi, ambalo juu yake zimekazwa nyuzi kadhaa. Huwekwa kwenye dirisha lililofunguliwa kidogo, ili upepo ubanwe na kupita juu ya nyuzi kwa kasi zaidi. Nyuzi hizo hutofautiana unene, lakini zote hukazwa mpaka zitoe noti ileile moja.

Wengi hudhani kwamba upepo huusukuma uzi kama kidole kinavyoupiga. Sivyo. Hewa ikikutana na uzi, nyuma yake huzuka visulisuli vidogo visivyoonekana, kimoja upande wa juu, kinachofuata upande wa chini, kwa zamu. Kila kimoja kinapochomoka, uzi huvutwa kidogo, na ndiyo maana hutetemeka kwa kuukingama upepo, wala si kwa kwenda mbele na kurudi nyuma. Mwaka 1878 mwanafizikia wa Kicheki, Vincenc Strouhal, alionyesha kwamba wingi wa mitetemo hii hutegemea kasi ya upepo na unene wa waya: kwa makadirio, zidisha kasi kwa 0.2, kisha gawanya kwa kipenyo. Upepo wa mita 2 kwa sekunde, ambao hauwezi hata kumvua mtu kofia, ukipita kwenye uzi wa nusu milimita huleta mitetemo 800 kwa sekunde.

Lau mambo yangeishia hapo, kinubi kingetoa mluzi unaopanda na kushuka tu, na nadhani hakuna ambaye angeuita muziki. Lakini uzi nao una masharti yake. Uliokazwa kwa noti ya mitetemo 100 hupenda kutetemeka mara 100, 200, 300, 400 na kuendelea, huku ukizikataa idadi za katikati. Visulisuli vikikaribia mojawapo ya ngazi hizo, uzi huvinasa na kuvilazimisha vifuate mwendo wake. Upepo ukizidi, sauti haitelezi, bali huruka hadi ngazi nyingine. Na kwa kuwa unene ni tofauti, upepo uleule huuweka uzi mmoja kwenye ngazi ya 4, mwingine ya 5, mwingine ya 6, ngazi ambazo zikilia pamoja hupatana kama sauti za kwaya.

Kwa hiyo mtunzi anayesema kwamba kinubi kilijipiga hajatia chumvi. Anayesema kwamba kilipiga wimbo wa maombolezo ya mfalme, beti kwa beti, huyo ndiye aliyehitaji uchawi, kwa maana upepo haupangi noti gani itangulie na ipi ifuate.

Asiye na kinubi anaweza kusikia jambo hilohilo chini ya nyaya za umeme siku ya upepo. Waya mnene wa sentimita 2, katika upepo wa mita 5 kwa sekunde, hupata mitetemo 50 tu, na ndiyo maana mngurumo wake huwa mzito, ilhali waya mwembamba wa uzio hulia kwa sauti nyembamba.