Madoa meupe kwa samaki wa tangi: usiikatishe dawa

Wafugaji wa samaki wa mapambo hapa Tanga wanapokuja kwetu kutafuta dawa, mara nyingi dalili ni zilezile: vidoa vyeupe kama chembe za chumvi mwilini na kwenye mapezi, samaki anajikwaruza kwenye mawe, tena hataki kula. Ugonjwa huu huletwa na kimelea kiitwacho Ichthyophthirius multifiliis, na unatibika. Kinachotuumiza ni kuona samaki wanakufa kwa sababu mwenyewe aliacha kutibu mara tu madoa yalipopotea.

Madoa kupotea si kupona. Kimelea hujificha chini ya ngozi ya samaki, ambako dawa haikifikii. Kikikomaa hudondoka, hujifunika ganda chini ya tangi, na humo hujigawa na kutoa mamia ya vimelea vichanga vinavyoogelea kutafuta samaki wa kumwingia. Dawa huviua hivyo vinavyoogelea tu. Kwa maji ya nyuzi 26 hadi 28 mzunguko huo huchukua siku chache, kwa hiyo tibu tangi zima, pamoja na samaki wanaoonekana wazima, kwa siku 10 au zaidi.

Chumvi ya mawe inasaidia. Tumia gramu 2 kwa lita, yaani gramu 40 kwa ndoo ya lita 20. Iyeyushe pembeni, kisha uimimine kidogo kidogo kutwa nzima. Maji yakipungua kwa joto, chumvi hubaki palepale, kwa hiyo jazia maji matupu. Jamii ya kambale na mimea mingi ya tangini haziivumilii vizuri. Kwa hao tuulizeni kwanza.

Tafadhali, msimwage tetrasaiklini ya binadamu tangini. Haikiui kimelea hiki, na inaweza kuwadhuru bakteria wanaoishi kwenye sponji ya chujio, wanaogeuza amonia ya kinyesi isiwe sumu kwa samaki. Bakteria haohao hufa sponji ikioshwa bombani, maana maji ya mjini, yatokayo bwawa la Mabayani kwenye Mto Zigi, hutiwa klorini. Ikamue ndani ya maji uliyoyatoa tangini. Maji ya kubadilishia, robo ya tangi kila wiki, yakae kwanza saa 24 kwenye ndoo iliyo wazi.

Samaki aliyesafirishwa kwa basi kutoka Dar es Salaam amechoka na huenda amebeba maradhi. Mtenge wiki 2 hadi 3, awe na wavu wake.

Umeme ukikatika wakati wa kaskazi, usilishe. Maji ya moto hushika hewa kidogo, hivyo yachote kwa kikombe na kuyamimina kutoka juu mara kwa mara.

Ukihitaji kupimiwa, tuletee samaki mgonjwa akiwa hai, na maji ya tangi kwenye chupa safi peke yake. Aliyekufa tangu usiku huwa ameshaoza matamvua, na vimelea wengi wamekwisha kumwacha.