Chiriku wa Galápagos hawakumfumbua Darwin macho papo hapo

Masimulizi mengi husema Charles Darwin, mwanasayansi Mwingereza, alifika visiwa vya Galápagos katika bahari ya Pasifiki, akatazama midomo ya chiriku, na hapo hapo akang'amua kwamba viumbe hubadilika. Sivyo ilivyokuwa. Meli aliyosafiri nayo, Beagle, ilikaa huko wiki tano hivi, Septemba na Oktoba 1835, na ndege hao hawakumshughulisha sana. Wengi wao hakuandika hata wametoka kisiwa gani; baadaye ilimbidi ategemee mikusanyo ya nahodha FitzRoy na wenzake wa melini. Waliomvutia zaidi ni ndege waigaji wa sauti, maana aliona wa kisiwa kimoja si sawa na wa kingine.

Chiriku walipata maana London, Januari 1837, mtaalamu wa ndege John Gould alipowachambua. Mwenye mdomo mnene wa kupasua mbegu na mwenye mdomo mwembamba wa kudonoa wadudu, ambao Darwin aliwadhania jamii tofauti kabisa, Gould alitambua kuwa ni ndugu. Kumsahau Gould ni kumdhulumu. Kitabu chenyewe cha Darwin cha nadharia ya viumbe kubadilika kilitoka 1859, baada ya miaka mingi ya kusoma, kuandikiana barua na wafugaji, na kufuga njiwa nyumbani kwake Kent.