Housman hakuwa mshairi aliyefundisha Kilatini pembeni

Wengi wanaomjua A. E. Housman, Mwingereza aliyekuwa mshairi na profesa wa Kilatini, humjua kwa kitabu kimoja kidogo cha mashairi kilichotoka Uingereza mwaka 1896, wakadhani Kilatini kilikuwa kazi ya kujipatia riziki tu. Sivyo. Mashairi aliyachapisha vitabu viwili tu maishani mwake. Kilatini alikipa umri wake wote.

Ni kweli kwamba mwaka 1881 alianguka mtihani wa mwisho pale Oxford, na hapo ndipo dhana hii hupata nguvu. Lakini angalia alichofanya baadaye: kwa miaka kumi alikuwa karani wa Ofisi ya Hataza (inayosajili haki za uvumbuzi), London, na jioni akitoka kazini alikwenda maktaba kusoma washairi wa Roma. Makala alizoandika zilikuwa nzito kiasi kwamba mwaka 1892 alipewa uprofesa wa Kilatini, University College London. Mwaka 1911 akahamia Cambridge.

Kazi yake kubwa ni Manilius, mshairi wa Kirumi aliyetunga juu ya nyota. Tungo hizo zilitufikia kwa miswada ya kunakiliwa kwa mkono, na kila mnakili aliongeza makosa yake. Housman alilinganisha miswada, akapima kila neno kwa sarufi, mizani na elimu ya nyota, kisha akaamua mshairi aliandika nini hasa. Juzuu tano, kuanzia 1903 hadi 1930, na gharama za kuchapa alilipa mwenyewe. Hiyo, kwangu, si kazi ya pembeni hata kidogo.